Kwa Nini Vijana Walimwambia Mwandishi

Kikao cha wazee wa kanisa kikifika kwenye ajenda ya vijana, neno moja halikosi kusemwa: vijana wa siku hizi hawasemi kitu. Ukiwauliza wanaangalia chini, na wakishatoka mlangoni unasikia kicheko. Kabla ajenda haijafungwa, mzee mwingine atasimama kueleza kwamba wanaowaharibu ni waandishi wa habari, na majarida yao ya rangi, na vipindi vya televisheni vinavyowahoji watoto mambo ya chumbani. Maneno haya mawili husemwa katika kikao kimoja na kuandikwa katika muhtasari mmoja, wala hakuna anayeona kwamba yanapigana. Kama vijana hawasemi, waandishi wameyatoa wapi hayo wanayoyaandika?

Sisi tunaofundisha kipaimara katika Kanda ya Kati tunayapinga yote mawili. Vijana wanasema, tena wanasema mengi. Wana na sheria zao, ambazo hazijaandikwa popote na ambazo mtoto wa kidato cha kwanza huzijua kabla hajamaliza kukariri Amri Kumi. Wamechagua tu mtu wa kumwambia, na mara nyingi mtu huyo si mchungaji wala mzee wa kanisa. Kumlaani aliyechaguliwa ni rahisi. La maana ni kuuliza alifanya nini hata akachaguliwa.

Chukueni mfano wa Minou Fuglesang. Alikuwa mwanaanthropolojia kabla ya kuwa mtu wa magazeti. Alikaa Lamu akiwachunguza wasichana wa mji ule: aliketi nao walipojipamba, akatazama nao filamu za Kihindi kwenye mikanda ya video, akaenda nao harusini, akaandika yale ambayo mabinti wenyewe waliona ya kawaida mno hata hayasimuliwi. Kitabu chake kilitoka Stockholm mwaka 1994. Mwaka 1999 akaanzisha jarida la Femina jijini Dar es Salaam, ambalo wanafunzi wengi walikuja kulijua kwa jina la Fema. Likafuata Si Mchezo!, lililolenga vijana wa vijijini, kisha kipindi cha televisheni. Nakala zaidi ya laki moja za toleo moja zilitumwa nchini, na vilabu vya Fema vikaundwa katika shule za sekondari, zikiwemo shule ambamo wanafunzi wetu wa UKWATA hukutana kwa maombi. Mwanafunzi ni yule yule na dawati ni lile lile. Siku ya UKWATA anaimba pambio, na katika pambio hatuambii lolote kuhusu maisha yake. Siku ya klabu anaandika barua kwa jarida, na humo anaeleza kila kitu.

Kazi ile haikuwa na uchawi. Waandishi walikwenda walipo vijana wakawaacha wasimulie, kwa maneno yao, na wakayachapa maneno hayo bila kuyanyoosha sana. Aliyesoma Mpwapwa hadithi ya mwenzake wa Lindi aliona kwamba kumbe shida yake ina jina.

Na tusidhani kwamba hayo ni ya wageni na watu wa Dar es Salaam tu. Rebeca Gyumi ni mzaliwa wa Dodoma hapa hapa. Alifanya kazi Femina kwa zaidi ya miaka 8, akiwa mtangazaji wa kipindi chao cha televisheni, akiwahoji vijana kuhusu maisha yao. Amesimulia hadharani kwamba alipokuwa bado shule ya msingi aliona wasichana wenzake wakiacha masomo kwa sababu ya mimba na ndoa. Baadaye, akiwa mwanasheria, alikwenda Mahakama Kuu kupinga vifungu vya 13 na 17 vya Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971, vilivyoruhusu binti kuolewa akiwa na miaka 15 kwa ridhaa ya wazazi, na hata 14 kwa idhini ya mahakama, huku mvulana akisubiri hadi 18. Alishinda mwaka 2016. Serikali ikakata rufaa, na Oktoba 2019 Mahakama ya Rufani ikaitupilia mbali. Binti aliyekulia miongoni mwetu, aliyewasikiliza watoto kwa miaka ile yote, aliijua sheria ya nchi ilipowauma. Tunajiuliza ni mahubiri mangapi ya Kanda ya Kati yaliwahi kukitaja kifungu cha 13.

Sasa, hizo sheria zisizoandikwa ni zipi? Tutaje chache tunazoziona huku kwetu, maana anayezizungumza kwa jumla hajazijua.

Kuna sheria ya lifti. Tangu mpango wa maendeleo ya elimu ya sekondari uanze mwaka 2004, shule za kata zimejengwa karibu kila mahali, nalo ni jambo la kumshukuru Mungu. Lakini kata za Chamwino, Bahi na Kongwa ni pana, na nyumba ziko mbali mbali. Binti anaweza kutembea saa moja na nusu, hata mbili, kabla ya kengele ya kwanza. Njiani yupo kijana wa bodaboda. Lifti ya kwanza haina bei, ya pili haina bei, na hakuna siku bei itakapotajwa, lakini hesabu inawekwa. Siku za mbele inaongezeka soda, halafu chipsi mayai siku ya mnada. Binti akishapokea vyote hivyo kisha akakataa kinachofuata, yeye ndiye anayehesabiwa kuwa amevunja sheria, na wa kwanza kumsema ni wasichana wenzake: amekula cha mtu. Mzazi aliyesimama mlangoni anaona pikipiki tu. Mtoto anaona deni, na analijua deni hilo kwa hesabu kamili.

Ongezeni hapo majira yetu. Huku mvua ni moja kwa mwaka, kati ya Desemba na Aprili, na mwaka ikikatika mapema kila mtu anajua kitakachofuata. Mtama wa mwaka jana ukishakwisha na shamba bado ni la kijani, sahani ya chipsi mwezi Februari haina maana ile iliyokuwa nayo mwezi Julai. Mhubiri anayesimama mwezi huo kuwakemea mabinti kwa tamaa angeuliza kwanza wamekula nini jana usiku.

Joyce Wamoyi, mtafiti wa Kitanzania, pamoja na wenzake walikaa na vijana wa vijijini mkoani Mwanza, na mwaka 2010 wakachapisha waliyoyasikia. Wasichana wengi hawakujieleza kama watu waliodanganywa. Walisema kumpa mwanamume mwili bila kupokea kitu ni kujishusha, ni kudharauliwa. Zawadi ndiyo heshima. Neno hilo linatuumiza sisi wachungaji, na lazima lituumize. Lakini limebeba habari ambayo hakuna mahubiri ya usafi yatakayofaulu bila kuijua. Tunapomwambia binti ajiheshimu, yeye anaweza kusikia kwamba asikubali bure. Maneno ni yale yale na sheria ni mbili tofauti, na anayefuatwa ni yule anayejua ipi inatumika njiani.

Ipo sheria ya kutochoma. Anayempelekea mtu mzima habari za mwenzake amemchomea utambi, naye atakaa peke yake hadi kidato cha nne. Ndiyo maana darasa zima linaweza kujua kwa miezi mitatu kwamba mmoja wao ana mimba, na mwalimu, mchungaji na mama mzazi wakaambiwa na sare iliyobana. Na ipo ndogo inayotuhusu sisi moja kwa moja: katika darasa la kipaimara, anayejibu swali la kwanza ni kiherehere, na anayejibu la pili anajifanya mlokole. Ule ukimya wa Jumamosi asubuhi ambao wengine huuita adabu ni watoto wanaotii sheria yao. (Watoto hao hao hupewa ngonjera wakati wa Krismasi, nao husimama mbele ya usharika kwa ujasiri mkubwa, wakisema maneno yaliyoandikwa na mwalimu wao wa shule ya Jumapili. Wazee hupiga makofi na kusema vijana wetu wanaweza kujieleza.)

Wazee wetu wa Ugogo hawangeshangaa kusikia kwamba kila rika lina sheria zake. Walilipa rika uzito, wakaweka jando, wakaweka na mafunzo ya wasichana yenye bibi na shangazi wa kufundisha. Yalikuwamo mambo ambayo Injili inayakataa, na ukeketaji tunaukataa hadi leo bila kigugumizi. Hata hivyo Mathias Mnyampala, mshairi mzaliwa wa Dodoma, alipoandika historia, mila na desturi za Wagogo katika kitabu kilichotoka mwaka 1954, aliona kwamba mambo ya namna hiyo yanastahili kalamu ya Mkristo. Hakuogopa kwamba kuyaandika ni kuyabariki.

Hapo ndipo ulipo mzizi wa hofu ya wenzetu. Wanadhani kumjua kijana ni kumkubalia. Wanasema majarida yale yanafundisha kondomu na hayahubiri toba. Ni kweli, nasi hatukutumwa kuyatetea kwa kila ukurasa. Tuna ugomvi wetu nayo. Yanamwambia binti afanye uamuzi sahihi, kana kwamba amesimama mbele ya meza ya nyanya sokoni, achague tu lililo jema aweke kikapuni. Binti mwenye deni la lifti kumi na mdogo wake mwenye njaa hana meza hiyo. Anahitaji mtu wa kumlipia deni, na wa kusimama naye siku mwenye pikipiki atakapokuja kudai. Mwandishi akishapata hadithi yake huondoka na gari, usharika unabaki. Ugomvi huo ni halali, lakini ni wa mtu aliyesoma na aliyesikiliza. Anayelitupa jarida jalalani bila kulifungua hana la kubishana.

Tena waandishi na watu wa redio walifanya jambo moja ambalo mimbari haikulifanya: waliita kitu kwa jina lake. Wale wasikilizaji wa redio wa miaka ya 2008 na kuendelea wanamkumbuka Fataki, lile zee la vijisenti lililokuwa likiwavizia wanafunzi na kila mara mtu wa kawaida akatokea kumwokoa binti, mhudumu wa hoteli, jirani, mpita njia. Kabla ya hapo tulikuwa na majina mengi ya msichana anayefuata wanaume, na yote ni ya aibu. Kwa mwanamume mwenyewe tulikuwa na majina ya heshima: mzee, mfadhili, bosi. Redio ikampa jina, na jina likaenda mitaani hata watoto wakawa wanamzomea nalo. Hiyo ni kazi ya nabii Nathani mbele ya Daudi, nayo ilifanywa na watunzi wa matangazo.

Sisi Walutheri ndio wa mwisho kabisa wenye haki ya kudharau kazi ya kwenda kuuliza. Katekisimu Ndogo tunayowakaririsha watoto ilizaliwa na ukaguzi. Martin Luther na wenzake walizunguka sharika za Saksonia, yeye mwenyewe kuanzia mwaka 1528, wakaingia vijijini, wakaona watu wanaoshiriki sakramenti bila kujua Baba Yetu, na wachungaji wasioweza kufundisha. Katekisimu ikatoka mwaka 1529, ikiwa jibu kwa aliyoyaona. Mwaka uliofuata, akieleza jinsi alivyotafsiri Biblia, aliandika kwamba mtafsiri amwulize mama nyumbani, watoto barabarani na mtu wa kawaida sokoni, atazame vinywa vyao wanavyosema. Tuliyasoma hayo chuoni na kuyajibia mitihani. Ni ajabu kwamba mtu anaweza kupata alama za juu katika historia ya Matengenezo ya Kanisa, kisha akahudumu miaka kumi katika mtaa bila kumwuliza mtoto barabarani neno lolote zaidi ya, mama yuko nyumbani?

Na Bwana wetu mwenyewe, akiwa na miaka 12, alikaa hekaluni katikati ya waalimu akisikiliza na kuuliza. Huwa tunahubiri juu ya utiifu wake alipoondoka pale na wazazi wake. Tuwape na wale waalimu sifa yao kidogo: walimwacha mtoto aulize, wakayastaajabia majibu yake, na hakuna aliyemwambia aketi nyuma.

Lakini yote haya ni pembeni ya jambo lenyewe. Vijana wetu hawamwambii mchungaji kwa sababu wanajua kinachofuata wakimwambia. Katika sharika nyingi, binti akipata mimba nje ya ndoa anatengwa. Anaondolewa kwaya, anazuiwa Meza ya Bwana, na akitaka kurudi atasimama mbele ya usharika Jumapili apokelewe kurudi kundini, watu wote wakimtazama tumbo au mtoto mgongoni. Mwanamume je? Kama ni wa usharika mwingine, hayupo. Kama ni wa usharika huu, hajatajwa, kwa kuwa binti ametii sheria ya kutochoma. Kama ametajwa, familia mbili zimekaa chini ya mti, mbuzi wamehesabiwa, yameisha kifamilia, na Jumapili anaimba besi. Waliomleta yule mwanamke mbele ya Yesu nao walimleta peke yake, ingawa Torati waliyoitaja iliwahusu wote wawili.

Serikali imeshatoka huko. Juni 2017, akihutubia Chalinze, Rais John Magufuli, sasa marehemu, alitangaza kwamba mwanafunzi aliyejifungua hatarudi shuleni, na wapo watumishi wa Mungu walioshangilia. Novemba 2021 Waziri wa Elimu, Profesa Joyce Ndalichako, akatangaza kwamba atarudi. Kwa hiyo leo kuna binti anayepokelewa darasani Jumatatu na aliyefungiwa Meza ya Bwana Jumapili. Kidato cha tatu kina neema kuliko madhabahu. Wanaotetea utaratibu huu huuita malezi. Tunawauliza: katika miaka yote ya kuutumia, umezuia mimba gani? Tunachokiona ni kwamba umefundisha darasa zima la kipaimara kumficha mchungaji, na umelifundisha vizuri.

Mwandishi alikuwa na kitu kimoja cha kumpa kijana: alibadilisha jina lake katika hadithi. Ni ulinzi mdogo sana, na ulitosha kufungua vinywa. Kanisa lina ulinzi mkubwa kuliko huo, umo ndani ya Katekisimu ile ile, katika sehemu ya Maungamo. Mchungaji wa Kilutheri anayesikia ungamo amefungwa kinywa. Hapeleki aliyoyasikia kwa wazee, kwa mama mzazi, wala kwa mkewe, na anayo mamlaka ya kutamka msamaha ambao hakuna mhariri anayeweza kuuchapa. Sehemu hiyo hurukwa katika madarasa mengi kwa haraka ya kufika Chakula cha Bwana, na watoto wanakwenda kipaimara bila kuambiwa kwamba yupo mtu mmoja kijijini aliyeapa kunyamaza.

Wapo watakaotushika hapa: je, mchungaji anyamaze mtoto anapoharibiwa na mtu mzima? Hapana, na jambo hili halina utata kama wanavyolifanya. Dhambi ya mtoto ni yake, na akiungama inafungwa. Alichotendewa na mtu mzima hakikuwa dhambi yake kamwe, kwa hiyo si cha kuungama. Sheria ya Mtoto ya mwaka 2009 inamtaka kila mwanajamii anayejua haki za mtoto zimevunjwa atoe taarifa. Tangu sheria ya makosa ya kujamiiana ya mwaka 1998, kumwingilia binti wa chini ya miaka 18 ni ubakaji hata kama amekubali, na kwa marekebisho ya mwaka 2016 anayempa mwanafunzi mimba anakabiliwa na kifungo cha miaka 30. Mchungaji amweleze mtoto hivyo mapema, kabla hajafungua kinywa, kisha aende naye, mkono kwa mkono, hadi dawati la jinsia la polisi. Kinachotokea sasa ni kinyume: ya binti yanatangazwa kanisani, na ya mwanamume yanafunikwa kwa mbuzi wawili.

Tunachodai kinaweza kuingia kwenye ajenda ya kikao kijacho, mahali pale pale palipoandikwa kwamba vijana hawasemi. Kutengwa kwa binti aliye chini ya miaka 18 kwa sababu ya mimba kukomeshwe, na jina la mwanamume liulizwe kwanza. Sehemu ya Maungamo ifundishwe Jumamosi ya kwanza ya kipaimara, pamoja na maelezo ya nini mchungaji atanyamazia na nini hataweza. Na kabla mchungaji au mwinjilisti hajahubiri tena juu ya mabinti na pikipiki, aitembee njia yao ya shule, kwa miguu, mwezi Februari, aanze saa kumi na moja alfajiri. Kutoka mtaa wetu wa mwisho hadi shule ya kata tunakofundisha kipindi cha dini ni mwendo wa saa moja na dakika arobaini, na korongo moja lisilo na daraja.